Tenda ya Akina Mama

Ukitaka kumchosha mwanamke wa Mabawe usimpe jembe, jembe amelizoea. Mpe tenda. Anjelika alilijua hilo mwaka wa pili tangu wakimbizi wavuke mto, vilima vya Ngara vikiwa vimebaki upara na kila kijiti kimeishia jikoni kwa mtu. Shirika moja la misaada lilisema limeiona adha ya wenyeji, likaamua kuwajengea zahanati. Matofali ya kuchoma, likasema, yatanunuliwa kwa kikundi cha wanawake tu. Ndiyo sheria yao: mwanamke amewekwa nyuma mno, sasa naye apewe nafasi.

Anjelika alikuwa mwenyekiti wa kikundi cha Tujikwamue, wanawake waliokuwa wakifyatua matofali bondeni hata kabla hilo shirika halijasikika. Udongo walikanyaga wenyewe, tanuri walipanga wenyewe, na kuni, Mungu ndiye shahidi, walizifuata mbali hadi shingo zikawauma. Msaidizi wake alikuwa Kaneza, aliyetoka Burundi zamani, akiwa binti mdogo, akakulia na kuolewa hapo hapo kijijini.

"Dada, hii ni yetu," Kaneza alisema. "Nani mwingine ana matofali?"

Anjelika akaamini. Aliitaka tenda ile kwa roho yote. Tangu azaliwe, kazi ya mikono yake ilikuwa ikiitwa ya baba, halafu ikaitwa ya mume. Alitaka hii moja tu iitwe yake.

Shirika likamtuma ofisa, binti aitwaye Happyness, aje kuhakiki. Ujanja ulikuwa mwingi siku hizo, wanaume wakijificha nyuma ya khanga za wake zao ili wapate tenda, na Happyness kazi yake ilikuwa kuwanasa. Sasa hilo Tujikwamue hawakulijua. Wao walichojua ni adabu. Mgeni wa ofisi hupokelewa na wanaume. Mwanamke hamtangulii mumewe mbele ya mgeni akaanza kubwabwaja. Basi wakawabembeleza waume zao wavae makoti. Viti wakapewa wanaume na mgeni. Akina mama wakakaa mikekani, wameoga, wamejipaka mafuta, mikononi hakuna tope hata chembe. Pombe ya ndizi ikaletwa.

"Kiongozi wa kikundi ni nani?" Happyness akauliza.

Wanawake wote wakamtazama Matiasi, mume wa Anjelika. Na Anjelika naye akamtazama! Jamani, angefanyaje? Ndivyo alivyolelewa, mume ndiye humtambulisha mke, na yeye alikuwa anangoja tu atajwe. Matiasi maskini, mtu mwema yule, akasimama, akakohoa, akaanza na historia ya kijiji. Alipomfikia mkewe, Happyness alikwisha kufunga kalamu.

Tenda ikaenda kwa kikundi cha Tumaini. Tumaini, eti! Tumaini alikuwa Bulugu, mwenye lori, aliyetoka Shinyanga akatajirika kwa kupeleka unga makambini. Aliwakusanya wauza vitumbua wa stendi ya Biharamulo, akawafundisha namna ya kujibu bila kusita, na siku ya kuhakikiwa yeye akajipoteza. Wasichana walijibu vizuri sana, hakuna aliyemtazama mwanaume, kwa sababu hapakuwa na mwanaume wa kutazamwa.

Anjelika akaenda Ngara mjini kulalamika. Happyness akamkaribisha kwa shikamoo, akamsikiliza mpaka mwisho.

"Mama, sheria hii imewekwa kwa ajili yako," akasema. "Lakini nimeuliza kiongozi, ukanionyesha mwanaume. Ningeandika nini?"

Anjelika akajifunga khanga vizuri, akaaga. Alirudi nyumbani na uchovu ambao hata usingizi hauutoi.

Haukupita muda, Bulugu akafika bondeni.

"Shikamoo, mama. Mimi nina tenda, sina matofali. Nyie mna matofali, hamna tenda. Tununiane ya nini?"

Kaneza alisonya kwa sauti. Lakini mvua ilikuwa karibu, na mnunuzi mwingine nani? Mkono mtupu haulambwi. Wakauza, tena kwa bei aliyoitaka yeye. Kisha Bulugu akaongeza lake: siku ya kukabidhi matofali waje wapakue wao, maana wale wa vitumbua hawapendi kuchafuka, na wakiulizwa waseme wao ni Tumaini. Anjelika aliona aibu hadi masikio yakamwaka moto, lakini hakukataa.

Siku ikafika. Happyness aliwakuta wanashusha matofali, vumbi jekundu hadi kwenye kope. Akasimama ghafla.

"Mama Anjelika! Wewe si wa Tujikwamue?"

Bulugu akakohoa upande wa pili wa lori. Anjelika akatua mzigo. Alikuwa amechoka kubeba, na amechoka zaidi kuficha.

"Ndiyo. Matofali yote haya ni yetu. Hao Tumaini hawajui hata udongo unakanyagwa vipi."

Happyness akamshika viganja, akavigeuza, akaona sugu na nyufa. "Nisamehe, mama. Nilikosea," akasema. "Lakini nikiandika hivi, tenda inafutwa leo leo, na ujenzi wa zahanati unasimama. Matofali yanarudi kwa aliyeyaleta. Itatangazwa upya mwakani, na sijui kama fedha zitakuwapo. Nitaandika utakavyosema wewe."

Kwa mara ya kwanza tangu azaliwe, neno lake lilikuwa ndilo neno. Anjelika akamgeukia Kaneza. Kaneza alikuwa ameshika tofali tumboni, anatazama chini. Binti yake alikufa mwaka uliotangulia, akiwa na uchungu wa kuzaa, juu ya baiskeli, wakimkimbiza hospitali ya mbali.

"Andika Tumaini," Anjelika akasema.

"Una hakika, mama?"

"Andika, mwanangu. Watu wanazaa njiani."

Happyness akaandika. Kisha, kwa aibu, akasema wafadhili wanataka picha ya wanawake walioshinda. Bulugu hakungoja aambiwe; akaruka ndani ya lori, akashuka na bunda la vitenge vipya, vimeandikwa TUMAINI kwa herufi kubwa. Akina mama wakavifunga juu ya nguo zao za kazi. Mpiga picha akawapanga, akauliza ni nani kiongozi, asimame katikati.

Anjelika akasimama katikati.