Sururu Juu ya Ukuta wa Nabintu

Jumanne, saa tatu asubuhi, Nabintu alikuwa anachambua maharage mlangoni pake, kule Rubondo, upande wa Mbarara, wakati Muhirwa alipofika na sururu begani kumbomolea nyumba. Alimsalimu kwanza. Walisali kanisa moja, na juma lililopita ni yeye aliyembebea dumu la maji kutoka kisimani.

"Mama, unisamehe. Ni kazi wamenipa."

"Kunywa uji kwanza," alisema Nabintu. "Nyumba haitakimbia."

Akanywa. Barua ya ofisi ya viwanja ilikuwa imekwisha kusomwa: kiwanja kiliandikwa jina la mumewe, mumewe amekufa, basi kiwanja hakina mwenyewe nacho kitapewa mtu mwingine. Miaka kumi na mitatu ambayo Nabintu alikuwa amelima pale haikutajwa.

Muhirwa alipiga mara moja. Tofali moja likaangukia ndani, karibu na kitanda. Alipoinua sururu mara ya pili, mwanasheria aliyemkatia Nabintu rufaa alifika kwa bodaboda kutoka Mbarara, akasoma karatasi ya mahakama kwa sauti: ubomoaji usimame, kila kitu kibaki kama kilivyo, mpaka rufaa isikilizwe.

Sururu ikabaki juu. Muhirwa alijaribu kuishusha, haikushuka. Alijaribu kuiachia, vidole havikufunguka. Miguu nayo haikutoka pale ilipokanyaga. Mwanasheria aliitazama tena karatasi, akasema amri iko sawa, akaondoka kabla mvua haijaanza.

Mchana mkewe Muhirwa, Kankindi, alileta kofia na chupa ya maziwa.

"Nyumbani nikikuambia utulie kidogo, una haraka," alisema. "Kwa mama wa watu umetulia kama nguzo."

"Wacha kucheka. Unikune mugongo."

Akamkuna, akacheka tena, kisha akalia kidogo.

Jioni Nabintu aliziba tundu la tofali kwa udongo. Asubuhi tundu lilikuwa wazi, na udongo umerudi ndani ya beseni, bado mbichi. Akaziba siku tatu, kisha akaacha. Tundu lilikuwa usawa wa kinywa cha Muhirwa, na kijiko kilipita vizuri. Alimlisha uji asubuhi, bugali na sombe ya majani ya muhogo jioni. Muhirwa alisema mikono haimuumi, inaona haya tu.

Mvua zilipozidi, majirani walimfungia turubai juu ya kichwa. Kwaya ilihamia uani kila Jumapili ili asikose ibada, naye aliimba sauti ya chini. Maharage ya Nabintu yalipanda miguuni mwake mpaka kiunoni, yakazaa. Aliomba yachumwe upande wa kushoto kwanza, maana yalimtekenya.

Mwaka ulipopita, Nabintu alikwenda Mbarara kuulizia rufaa. Alilala Kakiika kwa dada mmoja wa kanisa, aliyempa kitanda chake na kulala sakafuni. Mahakamani, karani alimtolea kiti na kumkatia nusu ya chapati yake.

"Faili iko, mama. Jaji ndiyo hayuko. Kuja mwezi ya nane."

"Na ule mutu anasimama kwa ukuta wangu?"

Karani alifungua daftari, akasoma polepole kwa kidole.

"Huyo iko kwa amri. Hakuna shida."

Mwezi wa nane aliambiwa mwezi wa pili. Mwezi wa pili jaji mpya alikuwa bado anasoma mafaili. Kila aliporudi na tarehe nyingine, Nabintu alivuta kitanda chake shubiri moja kutoka kwenye ule ukuta, sururu ikishuka isimfikie, kisha akapika.

Mara ya mwisho alirudi jua likiwa bado kali. Muhirwa alimwona tangu barabarani.

"Banasema nini, Mama?"

"Mwezi ya kumi."

"Ya mwaka huu?"

"Sikuuliza, mwanangu."

Muhirwa aliinua macho kwenye sururu. Ndege mdogo alitoka kwenye kiota chake katika pembe ya sururu, akaruka, akarudi.

"Siku ile bakisema, hii mikono itashuka fasi gani, kwa ukuta ao kando? Mimi sijui, Mama."

"Hata mimi sijui." Nabintu aliingia ndani na sahani, akapitisha kijiko tunduni. "Fungua kinywa."

Alimlisha mpaka sahani ikaisha, akampangusa midomo kwa ncha ya kitenge. Kisha alishika kitanda, akavuta. Hakikusogea. Kilikuwa kimefika ukuta wa upande wa pili.