Ukimya wa Kipande cha Mwisho

Hartwig Seelbach, aliyeongoza vichekesho vya televisheni mjini Köln kwa sehemu kubwa ya maisha yake, aliitwa tena kazini akiwa amekwisha kustaafu. Kichekesho chake cha zamani kilikuwa kinarudishwa hewani, lakini nafasi kiliyopewa ilikuwa fupi. Ilibidi kitu kikatwe, na meneja alikwisha kuchagua: ule ukimya wa mezani. Ilibaki Hartwig akubali tu.

Alikwenda studio na Irmgard Kolvenbach, aliyeigiza mwenye nyumba. Marehemu mumewe, Egon, ndiye aliyeigiza jirani. Mareike, mhariri wa picha, aliwapa viti, akawasha mashine.

Kwenye skrini ilikuwa kahawa ya Jumapili alasiri. Keki ya plamu ilikuwa imeliwa, kikabaki kipande kimoja katikati ya sahani. Kwa mujibu wa maandishi, jirani alipaswa kukinyakua mara moja. Lakini Egon alilelewa na mama aliyempiga vidole kila alipogusa kipande cha mwisho cha watu. Mkono wake uliinuka, ukasita, ukarudi kupanga kijiko ambacho kilikuwa kimepangika. Wenzake nao, waliolelewa vivyo hivyo, wakabaki wanakitazama kipande. Siku ile ya kurekodi, Hartwig alipaswa kusimamisha kamera hapo, lakini aliacha mikono mifukoni, na nyuma ya kioo mafundi wakaanza kutikisika mabega kwa kicheko.

Magazeti yaliuita “ukimya wa Seelbach”. Kutoka hapo alipewa vipindi vikubwa na tuzo, na wanafunzi wakaja kumuuliza aliuwazaje. Aliwaambia ni malezi ya Egon. Wao wakaandika kwamba mwalimu ni mnyenyekevu.

“Mtazame anavyokula kwa macho,” Irmgard alisema. “Nyumbani alikuwa hivyo hivyo. Kipande kinakauka mpaka kesho yake.”

“Kwa nini wewe hukukila?”

“Mimi mwenye nyumba? Ningeanzia wapi, Hartwig?”

Mareike alikohoa kidogo. “Meneja anasema watu wa sasa wakiona kimya hivi watadhani televisheni imeharibika.”

“Basi wasikirudishe kichekesho hewani,” Hartwig alisema.

“Wewe nawe,” Irmgard alimgeukia. “Egon arudi kabatini na kanda zake, halafu mimi nimsubiri mpaka lini? Kheri nimwone amepunguzwa kuliko nisimwone kabisa. Ukaidi umekuwa nao tangu nywele zako zikiwa nyeusi.”

“Hazikuwahi kuwa nyeusi.”

“Basi tangu ulipokuwa nazo.”

Hartwig alicheka. Akaomba aonyeshwe mwanzo wa kichekesho.

Kamera ilipanda ngazi za jengo polepole, ikapita viatu vilivyopangwa milangoni, ikafika juu, na hapo jina lake likatokea kwa herufi kubwa. Alikuwa ameanza kazi kwa kubeba nyaya za kamera, na ngazi zile zilikuwa picha ya kwanza aliyoipiga bila kuionea haya. Kila zilipoonyeshwa, mama yake huko Wuppertal aliwaita majirani waje kusoma jina la mwanawe.

“Ngazi hizi na ukimya ule, kipi kirefu?” Hartwig aliuliza.

“Ngazi, kidogo tu,” Mareike alijibu.

“Kata ngazi.”

“Bwana Seelbach, jina lako limo humo. Litabaki mwishoni tu, na kule majina yanapita mbio.”

“Najua lilipo, mama. Nililiweka mwenyewe.”

Mareike alimtazama Hartwig mara nyingine, akakata.

Waliitazama kazi upya. Hadithi sasa ilianzia moja kwa moja mezani, kahawa ikimiminwa. Mkono wa Egon uliinuka juu ya sahani, ukasita. Irmgard aliupakata mkoba wake, na hakuna aliyesema neno mpaka mkono ule ulipokishika kijiko.