Kisogo cha Malkia

Mwanaidi alishindwa kumwelewa huyu Mfilipino aliyewekwa naye chumba kimoja mtaani Muaither, huku ughaibuni. Kila Ijumaa, siku yao ya kupumzika kutoka hotelini Al Sadd, Luzviminda alifungua simu akatazama sinema za kwao za baada ya Vita Kuu ya Pili, zile zisizo na rangi. Mwigizaji alikuwa yuleyule, mwanamke aliyetamba miaka ishirini: leo malkia, kesho mjane, keshokutwa mpiganaji wa msituni. Uso wake ulipojaa kwenye kioo, Luzviminda aliendelea kukata kucha zake. Mwigizaji alipogeuka, akaonekana kisogo tu akiporomoka kutoka kwenye farasi, Luzviminda aliweka wembe chini, akatabasamu.

Mtu gani huyu, anayependa visogo?

Ijumaa hii ndiyo iliyomvuruga Mwanaidi kabisa. Mwigizaji alikuwa maiti ndani ya jeneza, na Luzviminda, kajifunga kitambaa cheusi, alilia machozi ya kweli huku akirudisha picha palepale.

"Shoga, si anaigiza tu?" Mwanaidi akauliza. "Wiki iliyopita alikuwa anacheza dansi."

"Yule wa dansi ndiye nyota. Huyu ni bibi yangu. Kazi yake ilikuwa kuanguka badala ya nyota. Nyota aliogopa jeneza, basi wakampaka poda bibi, wakamlaza yeye. Ndiyo mara pekee walipomwonyesha uso."

Mwanaidi akazidi kupotea. "Sasa mbona unalia leo?"

"Wanamzika saa hizi, kwetu. Hotelini wameninyima ruhusa ya kwenda."

Mwanaidi hakujua pole aipeleke kwa nani, mtu au simu. Akavuta mtandio kichwani, akaketi kando yake, wakalitazama jeneza simuni, wakamzika.