Masufuria Yalale

Kila alfajiri, kabla majogoo hawajamaliza kubishana, Bibi Atupele alifungua mlango wa jiko lake, akasimama penye kisiki cha mgrivilea, akaita ng'ambo ya bonde. Aliita kwa Kinyiha, kwa sauti ndefu iliyoteremka juu ya mibuni, ikavuka kijito, ikapanda upande wa pili.

"Mwenzangu, umeamka?"

Kutoka nyumba ya Bibi Felista kilianza kuja kikohozi, kisha jibu.

"Nimeamka. Masufuria yalale!"

Hapo watu wa pande zote mbili walicheka chini ya mablanketi yao. Masufuria yenyewe yalikuwa ya kikundi cha kufa na kuzikana, yale makubwa ambayo mtoto anaweza kuoga ndani yake, na yalitunzwa katika stoo ya Bibi Atupele. Ufunguo aliuvaa shingoni kwa kamba, kama wengine wanavyovaa rozari. Kwa hiyo kila asubuhi Felista alikuwa anamwambia mwenzake: leo pia hujapata wa kumpikia.

Kijiji kizima cha Iyula walikuwa wamebaki wao wawili tu katika rika lao, kama meno mawili ya mwisho mdomoni. Magoti yalikuwa yamekataa mteremko na daraja la magogo. Wakati mwingine ulipita msimu mzima wa kahawa hawajaonana uso kwa uso. Mwito ule ndio ulikuwa kutembeleana kwao.

Lakini kati yao palikuwa na jambo lisiloitwa ng'ambo ya bonde. Zamani, walipokuwa bado wanawake wa kubeba magunia, waliwahi kuoga pamoja kijitoni baada ya kuchuma kahawa, na Felista akateremsha khanga yake. Mgongo mzima ulikuwa na makovu, yamepandana kama matuta ya viazi. Atupele hakuuliza ni nani. Mume wa Felista, Raphaeli, alikuwa mzee wa kanisa, mtu ambaye watu walishusha sauti alipopita.

"Watoto wangu wanampenda baba yao," Felista alisema. "Waache wampende. Ila nikitangulia, unioshe wewe, peke yako. Na usikubali wanilaze karibu naye. Nimelala naye vya kutosha."

Atupele aliahidi. Raphaeli alipokufa alizikwa juu kidogo ya nyumba, kaburi likapigwa vigae, na Felista alilipita kila siku akienda shambani bila kugeuza shingo. Atupele aliijua sababu, akaendelea kuishi na ahadi ile kama mtu anayeishi na jiwe dogo kwenye kiatu.

Mwaka huu baridi ya Juni iliingia na ukungu mzito, nayo ikamkalia Atupele kifuani. Binti yake Priska, anayeuza vitenge Tunduma, alikuja akampeleka hospitali Vwawa, na alipopata nafuu kidogo akamchukua kwake mpakani akae hadi nguvu zirudi. Nyumbani alibaki Diana, mke wa mwanawe Samwel aliyekuwa kazini mbali, na kahawa iliyokuwa inaiva.

Diana alikuwa mkamwana mwenye mikono myepesi na mdomo wa kuchekesha. Aliweza kumwigiza mtu yeyote. Wakichuma kahawa, wanawake wenzake humwambia, hebu tuitie bibi, naye hujishika kiuno, akainua kidevu, akaita mwito wa mkwewe hadi mbwa wa ng'ambo wabweke. Atupele mwenyewe aliwahi kumsikia akacheka. Siku hiyo alicheka.

Aliporudi kutoka Tunduma alikuwa amekonda, lakini alfajiri ile ya kwanza alijikongoja hadi kisikini. Ukungu ulikuwa umefunika bonde lote, huoni hata mgomba wa karibu. Akaita. Jibu likaja upesi, karibu lilikanyage neno lake la mwisho.

"Nimeamka."

Atupele akasubiri. Hakukuwa na kikohozi, wala masufuria hayakutajwa. Ukungu ukabaki kimya kama mtu aliyezibwa mdomo.

Diana alikuwa jikoni anapuliza moto. Atupele alimuuliza kama Felista yu mzima. Diana akaendelea kupuliza ingawa moto ulikuwa umeshawaka, kisha akasema ni baridi tu, Mama, baridi ya mwaka huu imewapunguzia watu wote maneno.

Siku zilizofuata Atupele alianza kuona kwamba watu wanamzunguka kama maji yanavyozunguka jiwe. Walikuja kumpa pole ya ugonjwa, wakakaa, wakaongea bei ya kahawa na miche ya parachichi. Akitaja jina la Felista, mmoja anakumbuka ameacha maharage motoni, mwingine anamwita mtoto ambaye hayupo. Alipoomba ashikwe mkono avuke, Diana alisema daraja limeoza, Samwel akirudi atalitengeneza. Alipodai ufunguo wake wa stoo, aliokuwa amemwachia Diana siku ya kwenda hospitali, Diana alisema uko kwenye gauni jingine, nitakuletea. Kila jibu lilikuwa la upole. Upole ule ndio uliomtisha. Alikuwa amewaona watu wanavyokuwa wapole kwa ng'ombe siku yake ya mwisho.

Na kila alfajiri aliita, na kila alfajiri alijibiwa neno moja.

Siku moja Diana alipeleka kahawa mbivu mashineni, akasahau gauni lile kwenye kamba ya kuanikia. Ufunguo ulikuwa unaning'inia mfukoni. Atupele aliuchukua akafungua stoo.

Masufuria yalikuwa yamepangwa vizuri, ila si kwa mkono wake. Yeye huyapanga makubwa chini, yamepinduliwa. Haya yalikuwa wima. Alishika kitako cha lile kubwa, vidole vikatoka na masizi mabichi. Alijipa moyo, huenda palikuwa na harusi. Kisha akaangalia ukutani. Kikundi kina miko miwili. Mmoja ni wa harusi na vikao, mwingine ni wa msiba tu, na huo hauchoti chakula cha furaha hata kama ule wa harusi umevunjika. Mwiko wa msiba ulikuwa na ukoko wa ugali kwenye shingo yake, mahali ambapo wasichana wasio na uvumilivu huwa hawasugui.

Basi kuna mtu alizikwa. Na watu wote wa upande huu alikuwa ameshawaona, wamekuja kumpa pole mmoja mmoja.

Hakurudisha mwiko ukutani. Alitoka nao, akautumia kuwa fimbo, akaanza kuteremka. Alishuka akishika mibuni, akipumzika kila alipoona jiwe, na kifua kikawa kinalia kama mlango mbovu. Daraja lilikuwa zima. Magogo yalikuwa yamekanyagwa na miguu mingi hivi karibuni, udongo umeganda juu yake katika nyayo za viatu vya kila namna, na katikati palikuwa na petali za maua ya karatasi, ya rangi ya waridi.

Ng'ambo alimkuta Faith, mjukuu wa Felista, anaanika kahawa kwenye kichanja. Msichana alimwona, akamwona na mwiko, akaweka ungo chini. Hakumsalimu. Alimshika mkono tu, akampeleka juu ya nyumba.

Makaburi yalikuwa mawili, lakini kwa mbali ungedhani ni moja. Lile jipya lilikuwa limesogezwa hadi kwenye ubavu wa lile la zamani, na fundi alikuwa amemwaga zege moja juu ya yote mawili, akayafunga kwa mstari mmoja wa vigae. Vilikuwa bado vinang'aa. Atupele aliweka kiganja juu ya zege. Lilikuwa limekauka.

"Tulifikiri tukikwambia utamfuata," Faith alisema. "Watu wote walikubaliana. Mchungaji pia. Wakasema bibi arudi kwanza, apate nguvu."

"Anayenijibu ni nani?"

Faith alitazama miguu yake. "Ni mimi. Mama Brayan alisema usipojibiwa utajua." Mama Brayan ndivyo watu walivyomwita Diana. "Lile neno la masufuria lilinishinda, bibi. Nilijaribu. Nikaona ni kama kumtania marehemu."

Atupele alikaa juu ya ukingo wa kaburi, upande wa Felista. Aliuliza kama alikufa akiwa peke yake. Faith akasema hapana, walikuwa wamejaa chumbani, na alichukua siku kadhaa kufa. Kisha akanyamaza, na kunyamaza kwake kulikuwa na kitu nyuma yake, kama mlango uliosimamiwa na mtu.

"Sema," Atupele alisema.

"Alikuita wewe. Kila siku alisema, mwiteni mwenzangu, nina neno naye. Hatukutaka ajue uko hospitali, angeshtuka. Tukamwambia unakuja."

"Akakubali?"

"Alikubali mwanzoni." Faith alianza kufuta machozi kwa kiwiko. "Lakini Mama Brayan alikuwa anaita kila asubuhi kwa sauti yako, ili bibi asione umenyamaza. Mimi nikamjibia. Siku ya mwisho bibi alisikia mwito, akasema, mwenzangu ni mzima, namsikia. Mbona haji? Nimemkosea nini? Akageukia ukutani."

Upepo ulipita kwenye mibuni.

Faith aliendelea kwa sauti ya chini, kama mtu anayetua mzigo wote kwa kuwa ameshaanza kuutua. Walipomwosha waliuona mgongo wake. Walikuwa watatu, mama zake wakubwa na yeye. Hakuna aliyejua ni kitu gani. Mama mkubwa mmoja akasema labda ni moto wa utotoni. Mwingine akasema ndiyo maana alikuwa mkali vile, ni wale wazee wenye mambo yao, alama zile ni za uchawi. Neno likatoka pale, likaenda. Sasa watoto wamekatazwa kuchuma mapera ya hapa.

"Bibi, wewe ulikuwa rafiki yake. Ni nani alimfanya vile?"

Atupele aliunyosha mwiko wa msiba polepole, akagusa nao vigae vya upande wa pili, mahali palipoandikwa jina la mzee wa kanisa.

Faith alisoma jina lile. Kisha akatazama nyumba, kana kwamba kuna mtu anaweza kuwa ameona.

"Usiseme hivyo mbele za watu, bibi," alisema hatimaye. "Watasema ugonjwa umekupanda kichwani."

Jioni Diana alikuja na pikipiki ya kukodi kumchukua, wakazunguka kwa barabara ya juu. Hakugomba. Alimfunika shuka, akamketisha karibu na moto, akachukua mwiko, akausugua ukoko wote ukatoka. Atupele alimwambia kwamba kesho ataenda kwa mwenyekiti wa kikundi, kaburi lifunguliwe, Felista atolewe ubavuni mwa yule mtu. Akaeleza sababu, yote, tangu kijitoni. Diana alisikiliza hadi mwisho akiitikia kwa kichwa. Halafu akasema sawa, Mama, kesho tutazungumza na Samwel, sasa unywe uji. Nje ya mlango Atupele alimsikia akinong'ona kwenye simu. Alisikia maneno machache tu. Amevuka. Ndiyo, peke yake. Anaongea vitu, baba Brayan, anaongea vitu vya kutisha kuhusu marehemu.

Usiku ule kifua kilimbana. Kulipokaribia kupambazuka alikuwa macho, na alikuwa ameamua. Hataita. Acha bonde linyamaze. Watu wasiposikia kitu watakuja mbio wakidhani amekufa, watajaa uani, wazee kwa vijana, na hapo ndipo atakaposema mbele ya wote, wasiweze kumwahi na uji.

Majogoo waliwika, wakabishana, wakamaliza. Alikaa kitandani akisubiri, mikono juu ya magoti. Mwanga ulianza kupenya kwenye upenyo wa mlango.

Kisha akasikia mlango wa jiko ukifunguliwa. Hatua zikaenda hadi kwenye kisiki.

"Mwenzangu, umeamka?"

Ilikuwa sauti yake mwenyewe. Ilikuwa ndefu, ikiteremka vilevile mwishoni, hata ule mkwaruzo alioupata baada ya hospitali ulikuwemo.

"Nimeamka," ng'ambo ilijibu.

Kisha ikasikika milango ya jirani ikifunguliwa, ndoo zikigongana, mtu akipiga miayo. Asubuhi ikaanza. Hakuna aliyekuja mbio.

Atupele alisimama kwa kushika ukuta. Ilimchukua muda kuufikia mlango, na muda mwingine kuufungua. Ukungu ulimpiga usoni. Alivuta pumzi yote iliyobaki, akaita ng'ambo, akaita jina la Felista, akaita jina la Faith. Iliyotoka ilikuwa sauti nyembamba kama ya kifaranga, haikufika hata kwenye mibuni ya kwanza. Alisubiri. Ng'ambo palikuwa kimya. Huko walikuwa wameshajibu, wamekwenda kuwasha moto.

Diana aligeuka kutoka kisikini. Shingoni mwake, juu ya sweta, ulining'inia ufunguo wa stoo kwa kamba ileile.

"Rudi ndani, Mama," alisema kwa upole. "Huku nje ni baridi. Nimeshaita."