Marahaba ya Mashine

Kambi ilikuwa na vipokezi kumi na viwili vya setilaiti, vya kijeshi, vya zamani. Vilionyesha mahali ulipo bila shida, ila vilikataa katakata kuzungumza na kompyuta. Ambaye angewahi kuvifungua mdomo angeajiriwa moja kwa moja. Naima, fundi redio wa Makole aliyechoshwa na vibarua, aliitaka ajira hiyo kuliko kitu chochote.

Siku kumi na tisa alihangaika na waya wa kipokezi kimoja alichoazimwa na kambi. Data zilitoka, moja nyuma ya nyingine, halafu kimya. Siku ya ishirini akagundua kasoro, na furaha ikamshinda kifua.

Mchana huo nyumba ilijaa kama kawaida: shangazi yake Asma, majirani wawili, na Mudrick, mtoto wa Asma, mwenye duka la kompyuta Ipagala.

"Kile kidude kina adabu kutuzidi!" Naima alisema, tonge mkononi. "Kinatuma ujumbe, yaani shikamoo. Kompyuta isipoitika marahaba, kinarudia mara tatu, kisha kinasusa."

"Chenye adabu hivyo kije kunioa!" jirani mmoja alidakia. Nyumba nzima ikacheka.

"Na hiyo marahaba inaandikwaje?" Mudrick aliuliza, taratibu.

Naima akanawa, akamchorea nyuma ya bahasha: alama za kuanzia, namba ya ujumbe unaojibiwa, na mwishoni jumla ya kuhakiki kwamba ujumbe haujaharibika. Hata kasi ya kupitisha data kwenye waya akamwandikia. Mbele ya watu wote wale, alijiona mwalimu.

Keshokutwa yake akaenda kambini. Luteni Ernest hakumkaribisha hata kiti.

"Umechelewa, dada. Mudrick alivimaliza jana. Yule bwana ana kichwa! Ametueleza kwa shikamoo na marahaba, mpaka mpishi ameelewa."

"Afande, hayo maneno ni yangu."

"Una shahidi?"

Jumapili akamkuta Asma uani, anachambua mchele wa pilau ya kumpongeza mwanawe.

"Shangazi, ulikuwepo. Ulisikia kwa masikio yako."

"Nilisikia, mwanangu. Tulikuwa tunapiga soga. Sasa nikaape kambini kwa habari ya soga?"

"Ungesema kweli tu."

"Mudrick ana watoto watatu. Wewe redio zako zipo." Asma akapuliza makapi. Nje gari likapiga honi. "Haya, Mudrick huyo na wageni. Futa uso, kampokee mwenzio kreti za soda."

Naima akaenda, akazipokea.