Chumba cha Nyuma na Maharamia Wawili

Chumba cha nyuma kilikuwa na dirisha kubwa kuliko madirisha yote ya nyumba ile, na aliyelifaidi alikuwa ni kabati lisilo na milango. Nyuma ya kabati kulikuwa na sofa la watu watatu lililosimamishwa wima, meza mbili zilizobebana, na kioo cha kuvalia ambacho hakikuwa kimeona sura ya mtu kwa miaka minne. Vyote hivi vililetwa na baba mwenye nyumba, kimoja kimoja, kutoka kazini. Yeye ni mpakizi katika kampuni ya kuhamisha watu vyombo, wenzake humwita Winchi, na ana ugonjwa mmoja tu: mtu anayehama akisema hiki nakiacha, Winchi hapati usingizi mpaka akilete nyumbani.

Mkewe, fundi cherehani, alikuwa akishona kwenye korido. Miaka minne, chini ya balbu moja, kiti chake kimeegemea mlango wa bafu, hata anayetaka kuoga ilibidi kwanza amwombe fundi asimame. Wateja walipimwa wakiwa wamebana mikono, kwa sababu ukiinyoosha unagonga ukuta. Chumba kile alikuwa amekiomba kwa upole, kwa ukali, kwa kununa na kwa kupika vizuri. Kila mara Winchi alimjibu vilevile: "Nipe wiki mbili tu, mke wangu, nitavipanga upya, utapata kona." Fundi hakutaka kona. Alitaka dirisha.

Aliyekata maneno ni binti yao, mwenye miaka kumi na sita na asiye na subira hata chembe. Yeye ndiye aliyewawekea kwenye simu mchezo wa maharamia, akidhani watacheza siku mbili wachoke. Miezi mitano baadaye wazazi wake walikuwa wakila wameinamisha vichwa, wanaporana dhahabu. Siku moja ugomvi wa chumba ulipoanza tena mezani, binti aliweka kijiko chini.

"Piganeni," alisema. "Jumamosi saa kumi. Pambano la wawili juu ya merikebu. Atakayetupwa baharini hana chumba, na neno chumba nisilisikie tena humu ndani."

Wote wawili walikubali haraka mno, kwa kuwa kila mmoja alikuwa na hakika kwamba mwenzake hajui kucheza.

Sheria ya mchezo ni hii. Kabla ya pambano unapewa sanduku tupu na ghala lililojaa, nawe unamchagulia haramia wako vifaa: nguo, viatu, silaha, na takataka nyingine kama darubini na kasuku. Kila kitu kina uzito wake, na jumla isizidi mia moja. Ukishabonyeza Thibitisha, sanduku linafungwa, na hata ulie machozi ya damu halifunguki mpaka pambano liishe.

Fundi alianza Jumatano, mteja wa mwisho alipoondoka. Mtu mwenye akili zake angeanza na upanga. Fundi alianza na makoti, na akaishia hapohapo. Haramia wake alikuwa mwanamke mwembamba mwenye jicho moja, aitwaye Bi Kulabu. Akamvika koti la kwanza, akamzungusha, akakunja uso: bega limeanguka. La pili bitana ilichungulia chini ya pindo. La tatu lilikuwa na vifungo vitano na vitundu sita.

"Aliyeshona hili hana haya," alimwambia binti.

"Mama, hayajashonwa hayo. Yamechorwa."

"Basi aliyechora hajawahi kuvaa koti."

Ijumaa jioni, baada ya kumvika na kumvua makoti arobaini na moja, alilipata. Lilikuwa la zambarau, kiuno kimekatwa kwa adabu, mkia unapepea haramia akipiga hatua. Ulinzi wake ulikuwa mbili. Uzito wake ulikuwa themanini na nane, kwa ajili ya nyuzi za dhahabu. Kwa uzito uliobaki alichukua kisu cha jikoni na kasuku.

Binti alishika kichwa. "Utapigana na kasuku?"

"Nipendeze kwanza. Mengine yatajipa."

Moyoni alijua kwamba hayatajipa. Lakini kila alipojaribu kumvua Bi Kulabu lile koti, kidole kilikataa katakata, na mtu hawezi kugombana na kidole chake mwenyewe. Akalala hajathibitisha.

Jumamosi saa tatu asubuhi Winchi alikuja koridoni na taulo begani, akaomba njia. Yeye alikuwa amemaliza kupanga tangu Alhamisi, amebakiza kubonyeza Thibitisha tu, kurasa nne za daftari zimejaa hesabu, na alitembea kama mtu ambaye chumba tayari ni chake. Fundi alisimama kumpisha, na simu ikabaki juu ya cherehani, imewaka. Winchi hakukusudia kuchungulia. Lakini mwenye macho haambiwi tazama.

Aliingia bafuni. Maji hayakusikika. Baada ya muda akatoka, mkavu vilevile.

"Mke wangu," alisema, "mimi si wa kukwambia."

"Basi usiniambie."

"Sikwambii." Akalisogeza taulo begani. "Ila huyo mtu wako amepakiwa vibaya."

"Nani kakuuliza?"

"Hakuna. Lakini uzito wote uko juu, begani na kifuani. Merikebu ikiyumba kidogo tu huyo kashaenda. Hata friji hatulipakii hivyo."

"Wewe si mpinzani wangu?"

"Ni mpinzani." Uso wake ulikuwa wa mtu anayeumwa jino. "Lakini siwezi kuoga huku najua mzigo umekaa vile."

Akavuta kigoda, akakaa na taulo lake, akaichukua simu kwa mikono miwili. Cha chini kiwe kizito, alieleza, cha juu kiwe chepesi. Akamvua Bi Kulabu lile koti, akamvisha buti zenye soli za madini ya risasi, uzito arobaini na tano. Akampa upanga mfupi, kwa sababu ule mrefu uzito wake uko nchani na mkono unachoka mapema. Upanga ukakaa kulia, kamba na kulabu kushoto, ili pande mbili zilingane. Juu akamwachia shati jepesi tu. Jumla ikafika tisini na saba, na Winchi akarudi nyuma kuangalia, kama anavyoangalia mzigo uliokwisha kufungwa turubai kabla lori halijaondoka.

"Sasa hata akisukumwa na ng'ombe haanguki," alisema.

Fundi alitazama. Shati lenyewe lilikuwa aibu tupu. Lakini kwa mara ya kwanza alimwona Bi Kulabu amesimama, na si ametundikwa.

"Hebu na wako nimwone," alisema.

Winchi alisita, kisha akaona si haki kukataa, akafungua simu yake. Nahodha wake alikuwa amevaa fulana ya chuma juu ya joho la kijani, suruali ya mistari ya njano, na mikono ya joho ilimfika magotini. Tarakimu zake zilikuwa tamu: ulinzi tisini na moja. Fundi hakuziona tarakimu. Alisisimka mwili kama mtu aliyesikia uma ukikwaruza sahani.

"Huyu mtu unatoka naye hadharani?"

"Ana ulinzi wa tisini na moja."

"Ana mikono ya joho la mtu mwingine. Lete."

"Mke wangu, yule nimemaliza kumpanga tangu juzi."

"Siwezi kupigana na mtu aliyevaa hivi. Nitacheka, na wewe utashinda kwa kunichekesha. Lete simu."

Akapewa. Akamvua chuma, akamvua joho, akamvua ile suruali huku akigeuza uso pembeni. Akamvisha shati na suruali ya hariri, na juu yake lile koti la zambarau. Lilimkaa utadhani alipimwa. Kumbe koti lilikuwa likimsubiri yeye.

Winchi alimeza mate. "Huyu ni mimi?"

"Ndiye wewe, ungekuwa unanisikiliza."

Kuanzia hapo hawakujizuia. Walibanana chini ya ile balbu, Winchi akimchagulia haramia wa mkewe mkanda, mkewe akimchagulia wa mumewe kofia, soksi za kuendana na koti, na upanga mwembamba kama sindano, wakinyang'anyana simu, wakichekana. Saa nne kasoro kidogo kila mmoja alibonyeza Thibitisha. Masanduku yakafungwa.

Winchi alijikuna sikio. "Hivi," alisema taratibu, "nimefanya nini?"

Binti alikuja na mswaki mdomoni, akatazama simu moja, akatazama ya pili. Akautoa mswaki.

"Mmevishana," alisema. "Nimewaambia mpigane, nyinyi mmevishana."

Akakaa chini sakafuni, akicheka. Wazazi walijaribu kukasirika wakashindwa. Winchi alicheka mpaka akashikwa na kwikwi. Fundi naye alicheka mbavu zikamuuma, kisha akakumbuka chumba. Miaka minne alikuwa amelitaka lile dirisha, na sasa hatima yake imepakiwa na adui.

Saa kumi walikaa mezani, mmoja huku na mwingine kule, binti amesimama katikati na mwiko mkononi, mwamuzi. Kengele ya merikebu ikalia.

Vidole gumba vya Winchi vimezoea kamba za lori. Akitaka kubonyeza kitufe kimoja hubonyeza vitatu. Nahodha wake akaruka, akainama na kusalimia kwa wakati mmoja. Fundi vidole vyepesi anavyo, lakini na woga anao, na kila upanga ulipomjia alifumba macho.

"Fumbua, Mama."

"Nimefumbua."

"Umefumbua moja."

"Bi Kulabu analo moja tu. Niache."

Kusema kweli mambo hayakumwendea vizuri. Kwa zile buti Bi Kulabu alitembea kama kabati. Nahodha, asiye na uzito wowote miguuni, alimzunguka, mkia wa koti ukipepea, akamchoma mara moja, mara mbili, mara tatu. Uhai wa Bi Kulabu ukabaki robo. Fundi aliona kabati, sofa na meza mbili vikikaa chumbani milele, na jasho likamtoka.

Ndipo wimbi likaja. Merikebu ililala upande, na kila kisichofungwa kikaanza safari: mapipa, ndoo, kuku wa nahodha, na nahodha mwenyewe. Alipita sitahani akiwa wima, mkono kiunoni, amependeza kupita kiasi, akaenda akagonga ukingo na kuning'inia kwa mkono mmoja. Bi Kulabu hakusogea hata kidole. Kisha akaanza kumwendea, buti zikipiga ndu, ndu, ndu.

"Mke wangu," alisema Winchi, akibonyeza vitufe vyote pamoja, "hebu kwanza tuzungumze."

"Tumezungumza miaka minne," alisema Fundi, macho yote mawili wazi, akabonyeza.

Nahodha akaanguka. Koti likatanda juu ya maji, zambarau tupu, dhahabu ikimeremeta pembeni.

"Tazama lilivyotanda," Winchi alisema, na alisema kwa moyo mweupe. "Hata kukunjana halijakunjana." Halafu akazinduka. "Lakini ngoja. Aliyeshinda ni mpango wangu. Mzigo ule niliupanga mimi."

"Na aliyeanguka alivishwa na nani?"

"Na wewe. Kwa hiyo aliyeanguka ni kazi yako. Kwa hiyo chumba—"

Binti alipiga meza kwa mwiko. "Baharini yuko nani?"

Winchi alitazama simu yake. "Mimi."

"Mwiba wa kujichoma hauambiwi pole, Baba."

Akakubali. Ilimuuma, mtu asidhani haikumuuma. Jumapili asubuhi alivitoa vyombo vyake kimoja kimoja, na kila kimoja alikipapasa kwanza. Kabati na meza akampa jirani. Sofa likaenda kukaa koridoni, penye kiti cha Fundi. Kioo kikabaki chumbani kwa ajili ya wateja. Mwisho akaibeba cherehani peke yake, meza yake na vyote, akaitua chini ya dirisha.

Fundi alikaa. Jua la asubuhi liliingia lote, likamwagikia meza, mkasi na mikono yake. Alizungusha gurudumu la cherehani mara moja, bila uzi, kwa furaha tu. Akainua macho amtazame tu mumewe, aliyesimama mbele yake akifuta jasho, ndani ya shati la kazini la bluu nzito alilomshonea mwenyewe.

Akatazama. Akatazama tena.

"Hebu sogea karibu na dirisha."

Winchi akasogea. Kola ya shati lile ilikuwa imekwenda upande, kushoto imeshuka kuliko kulia kwa upana wa kidole kizima. Mfuko ulikuwa umeinama. Mshono wa bega ulianza vizuri, kisha ukapotea njia.

"Hili nimeshona mimi?"

"Wewe."

"Na yale mengine mawili?"

"Yako hivyohivyo. Moja limezidi."

Fundi aliweka mkono kifuani. "Na wateja wangu?"

"Wenye nguo nyeupe wako salama. Nyeusi ndizo zinazokwenda upande."

"Miaka yote hii unakwenda kazini na kola ya upande? Watu hawakuoni?"

"Wananiona. Wanadhani ni bega langu limepinda kwa mizigo. Nimewaacha wadhani hivyo."

"Mbona hukuniambia, mume wangu?"

Winchi alijifuta shingo polepole. "Ningekwambia kwamba kule koridoni huoni unachoshona," alisema, "wewe ungenijibu nini?"

"Ningekwambia utoe kabati," alisema Fundi.

"Ehe," alisema Winchi.

Fundi akamnyoshea mkono. "Vua."

Akavua, akasimama kifua wazi katikati ya chumba kitupu. Fundi alilitandaza shati mezani, kwenye mwanga, akatafuta mahali pa kuanzia kufumua. Ilibidi asubiri kidogo, maana kwa kicheko machozi yalikuwa yamemjaa na haoni kitu.