Maneno ya Bi Kelele

Bibi alikuwa kwenye benchi la kliniki, miguu imemvimba, fundi mmoja aliyekaa pembeni yake alipofungua jarida la vichekesho la kila Ijumaa na kusoma kwa sauti: "Waziri huyu kila mwaka anazindua kisima kilekile. Kikikauka, atazindua ndoo!"

Benchi zima likaangua kicheko.

Bibi hakucheka. Maneno hayo aliyasema mwenyewe Jumapili, akimenya viazi jikoni kwa binti yake, redio ikiwa wazi. Sasa yalikuwa yanatoka kwenye mdomo mpana kama sufuria, mdomo wa Bi Kelele, kibibi cha kwenye katuni chenye ndala kubwa kuliko kichwa. Mchoraji ni mkwe wake, mume wa huyo binti.

"Ndiye mama mkwe wa mchoraji hasa, nasikia," fundi akasema. "Sijui wanaishije na mdomo ule."

Jibu lilimfika bibi ulimini. Akaona hata hilo likimfikia mkwe litachapishwa, akalimeza.

Na nyumbani akanyamaza hivyohivyo. Chai ikiletwa, anaitikia kwa kichwa. Redio ikisema upuuzi, anatazama ukuta. Binti alidhani ni miguu. Mkwe alijua zaidi, maana ukurasa wake ulikuwa umekauka. Alijaribu kutunga mwenyewe, mhariri akamrudishia: "Bwana, hii ni hotuba. Bi Kelele yuko wapi? Kesho ukikosa tena, ukurasa nampa mwingine."

Jioni ile mkwe akaja kuketi kwenye kizingiti cha chumba cha bibi. Kuingia ndani aliona haya.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba."

"Nimekukosea nini? Basi hata nigombeze."

"Nikugombeze nijisome Ijumaa?" Bibi akavuta pumzi. "Nimechoka, baba. Tangu nihamie hapa sijasema neno likabaki langu."

"Lakini mama, watu wanakupenda!"

"Wanampenda Bi Kelele. Mimi hata kiti hawanipishi."

Mkwe akainamisha kichwa.

"Kesho wanataka ukurasa," akasema mwishowe, kwa sauti ndogo.

"Jichore wewe. Mwanamume mzima yuko kizingitini anaomba maneno kama jirani anayeomba chumvi, na bakuli lenyewe hakuja nalo."

Mkwe akacheka mpaka akashika mbavu. Mkono wake ukapanda wenyewe kwenye penseli iliyokuwa sikioni. Akakutana na macho ya bibi, mkono ukakwama hapohapo.

"Mama," akasema, "hilo naliomba."

Siku zote hizo hakuwahi kuomba. Bibi akasugua goti, akasugua tena.

"Chukua. Na mengine uombe hivyohivyo."

Mezani bibi akaonja mchuzi, akaweka kijiko chini. "Mchuzi huu umeoga mara mbili."

Binti akapaliwa kwa kicheko. Mkwe akainua macho taratibu.

"Hilo langu," bibi akasema.

Mkwe akarudisha macho kwenye sahani, akaendelea kula.